Sauti ya Tatu

Kibao cha chaki nje ya banda la video, liwe la Mbagala, la Tandika au la Tandale, hakina maneno mengi. Kuna jina la filamu, mara nyingi kwa tahajia ya aliyeshika chaki, kuna saa ya kuanza, na pembeni, kwa herufi zinazolizidi jina lenyewe, neno moja: IMETAFSIRIWA. Hilo ndilo linalowaingiza watu. Mwongozaji wa filamu hatajwi, wala kampuni iliyoitengeneza. Likiongezwa jina jingine litakuwa la DJ aliyeingiza sauti yake. Hoja ya sura hii ni kwamba neno hilo la kibaoni linapunja kazi inayofanyika. Anayeitwa mtafsiri hatafsiri tu. Ni mtengeneza filamu wa majaribio, huenda ndiye pekee ambaye vitongoji vya Temeke na Kinondoni vimemlea vyenyewe, bila ruzuku na bila shule, na hatukumtambua kwa sababu tumezoea kumtafuta kwingine.

Huko kwingine kunajulikana. Ni kwenye kumbi kama Nafasi Art Space ya Mikocheni, iliyoanza 2008, ambako msanii hupata studio, maonyesho na watu wa kujadili nao kazi. Ni kwa wasanii kama Rehema Chachage, aliyezaliwa Dar es Salaam 1987, akasomea sanaa Cape Town, na ambaye hutumia video na sauti kufuatilia simulizi za wanawake wa ukoo wake. Sina ugomvi na kazi hizo. Ni vizuri zipo na zinastahili watazamaji wengi kuliko zinaowapata. Ila jina la "majaribio" limegeuka kuwa la ukumbi kuliko la kitendo. Kikionyeshwa kwenye ukuta mweupe ni jaribio, kikionyeshwa kwenye banda la mabati ni uchakachuaji. Na mtu anaweza kutoka Mikocheni hadi Tandale kwa bodaboda kabla kahawa yake haijapoa.

Tukiliondolea neno hilo majivuno, jaribio katika filamu ni jambo rahisi kulieleza. Filamu ya kawaida ni kama suti ya fundi mzuri: mishono yote iko ndani, na ukiiona umeshindwa kuvutiwa. Filamu ya majaribio huvaliwa nje ndani. Inakuonyesha uzi, inakukumbusha kwamba unachokitazama kimekatwa na kuungwa na mtu mwenye nia yake, kisha inakuachia raha ya kuona muungo na kilichoungwa kwa pamoja. Kwa kipimo hicho hakuna filamu iliyovaliwa nje ndani kuliko ile ya kibanda umiza, kama banda la video linavyoitwa mtaani. Unasikia waigizaji wakizungumza Kihindi au Kiingereza. Hiyo ni sauti ya kwanza. Unasikia muziki, milio ya bastola na mvua. Hiyo ni ya pili. Juu yake inakuja ya tatu, ya mwanamume wa hapahapa, anayekohoa, anayecheka, anayejitaja jina. Haizifuti zile mbili. Inakaa nazo, na kazi ya mtazamaji ni kuzisikiliza zote kwa mara moja.

Inafaa kueleza kazi hiyo ilivyokuwa ikifanyika enzi za mikanda, maana ufundi wake hausemwi vya kutosha. Kulikuwa na deki mbili, moja ya kucheza na nyingine ya kurekodi, katikati yake mixer ndogo, na maikrofoni. Mkono mmoja wa DJ ulikuwa kwenye kitelezi cha sauti ya filamu. Akitaka kusema anakishusha; bastola ikitolewa anakipandisha ili mlio ujae banda; akirudi kusema anakishusha tena. Kurekodi kulikuwa ni kwa mkupuo mmoja. Filamu ya Kihindi ya saa tatu ilitaka saa tatu za pumzi, na aliyeteleza ulimi hakuweza kurudisha nyuma kirahisi, kwa hiyo aligeuza kosa kuwa utani na kusonga mbele. Waliofanya kazi moja kwa moja bandani, maikrofoni mkononi na watu mbele yao, hawakuwa hata na nafasi hiyo. Baadaye zikaja VCD, DVD, kisha kompyuta, flashi na memori kadi, na sasa kosa linaweza kufutwa. Wengi bado hawalifuti, nami nadhani wana akili.

Chukua tukio la aina inayojulikana. Mama aliyepotezana na mwanawe miaka ishirini anamtibu kijana aliyejeruhiwa bila kujua ni wake. Kamera inakwenda kwenye kovu la shingoni, inarudi kwenye macho ya mama, muziki unapanda. Mtafsiri wa kawaida hana kazi hapa, kwa kuwa hakuna aliyesema neno. DJ ndiyo kwanza anaanza. Atalikumbusha banda kovu hilo lilipatikana wapi, atawaambia watu kwamba wao wanajua na mama hajui, atamlaumu mama kwa kuchelewa, atamwonya adui aliyeko mlangoni ambaye hawezi kumsikia. Ukifuata wimbo wa dakika sita, watu wakicheza mabustanini, yeye anautumia kama mapumziko: anasimulia upya mwanzo kwa ajili ya waliochelewa kuingia, anasalimia rafiki, anatangaza duka lake. Filamu iliyotengenezwa Mumbai ili itazamwe kwa mstari mmoja sasa inakwenda mbele, inarudi nyuma, inatoka nje ya hadithi, inaingia tena. Kanuni kwamba staringi hafi kila mtu bandani anaijua. Kwa hiyo DJ hapotezi muda kuwatia watu wasiwasi kama atapona. Anahamisha wasiwasi kutoka kwenye "nini kitatokea" hadi kwenye "tutakisemaje kikitokea".

Bingwa wa mtindo huo jijini alikuwa Derek Gaspar Mukandala, aliyejitambulisha kwa cheo cha kapteni na kujulikana kwa jina la Lufufu. Kuna vijana wa wakati huo ambao hawawezi kulitaja jina la mwongozaji mmoja wa Hong Kong lakini wataiga sauti yake nzito neno kwa neno. Lufufu hakujigeuza mwigizaji wa kila mhusika. Alisimama kando ya hadithi kama mtambaji wa ngano, akisema huyu anamwambia yule hivi, na yule anajibu hivi, huku akipima mwendo wa maneno na mwendo wa picha. Mtaalamu wa Ujerumani Matthias Krings, aliyewachunguza wasimuliaji hawa na kuandika kuwahusu mwaka 2010 na tena katika kitabu chake cha 2015, alichukua kutoka kwenye fani yenyewe msemo wa kugeuza mchele kuwa pilau. Msemo una ukweli ndani yake. Mchele hauachi kuwa mchele ukiwa pilau, punje zinaonekana. Lakini hakuna anayesema mpishi ameutafsiri.

Sauti hiyo haikuzuka hewani. Mtu akiisikiliza kwa makini atasikia watangazaji wa mpira wa Radio Tanzania Dar es Salaam, kina Charles Hilary na Ahmed Jongo, waliowafanya wasikilizaji waone uwanja ambao hawakuwapo. Televisheni ilichelewa kufika Bara. Zanzibar ilikuwa na ya rangi tangu miaka ya mwanzo ya 1970, lakini Bara ilisubiri stesheni binafsi za 1994. Kwa hiyo vizazi viwili vilijifunza kwamba mchezo una watu wawili muhimu, mwenye mpira na mwenye kusema. Biashara ilipofunguliwa katikati ya miaka ya 1980 na deki za video zikaanza kuingia, mabanda yalipata filamu kutoka nje na masikio yaliyokwisha kufunzwa nyumbani.

Kuna asili nyingine, ya zamani zaidi, na hiyo ndiyo inayonifanya nishikilie neno "majaribio" kwa makusudi. Mradi mkubwa wa kwanza wa filamu katika Tanganyika uliitwa hivyo rasmi: Jaribio la Sinema ya Elimu kwa Wabantu, lililofanyika Vugiri, katika milima ya Usambara, kati ya 1935 na 1937, chini ya Meja Notcutt na kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani. Walitengeneza filamu zipatazo 35, juu ya afya, kilimo, kodi na uwekaji akiba, wakazizungusha Afrika Mashariki na Kati kwa gari. Picha ilikuwa moja, na maelezo yaliwekwa kwenye santuri kwa lugha mbalimbali. Baada yao Kitengo cha Filamu cha Kikoloni, kilichoanzishwa 1939, kilipeleka magari ya sinema vijijini pamoja na mfafanuzi aliyesimama na maikrofoni kueleza kinachoonekana. Umbo lilikuwa lilelile la bandani: picha kutoka mbali, sauti ya karibu. Tofauti ilikuwa ni nani mwenye sauti. Mfafanuzi wa gari la serikali alisema alichoelekezwa. William Sellers, mkuu wa kitengo hicho, aliamini pia kwamba macho ya Mwafrika yasingefuata picha zinazobadilishwa upesi, hivyo filamu zake zilipaswa kwenda polepole, bila madoido. Mtu angetamani kumketisha kwenye benchi la Manzese wakati wa filamu ya kung fu, picha zikibadilika kila pumzi, sauti tatu zikigombania sikio, na watoto wa darasa la nne mbele yake wakifuata kila kitu na kumsahihisha DJ juu ya hilo.

Anayesema kwamba huu ni ufukara uliopambwa kwa maneno atauliza: je, si lazima tu? Watu hawajui Kiingereza, kwa hiyo anatafutwa wa kuwaeleza. Pingamizi hili lina uzito, lakini linaanguka likipimwa na yaliyotokea baadaye. Kama shida ingekuwa lugha peke yake, dawa ingekuwa kuingiza sauti za Kiswahili vizuri, na dawa hiyo ilikuja. Mwaka 2011 televisheni ya taifa ilionyesha tamthilia ya Kichina ya Doudou na mama wakwe zake, ikiwa imeingizwa sauti za Kiswahili, na ilipendwa kiasi kwamba Rais Xi Jinping aliitaja katika hotuba yake Dar es Salaam mwezi Machi 2013. Tamthilia za Kituruki za televisheni ya Azam nazo zinazungumza Kiswahili safi. Watu wanazitazama, tena wengi. Lakini DJ hakufa. Mtu yuleyule anayefuata tamthilia ya Kituruki nyumbani usiku, mchana anakwenda kuwekewa kwenye memori kadi filamu yenye sauti ya DJ anayemtaka. Anajua tofauti. Kwenye uingizaji sauti wa studio, Mturuki anajifanya Mswahili nawe unajifanya umesadiki. Kwa DJ hakuna anayejifanya.

Historia ya Japani inasaidia hapa, kwa sababu inaonyesha njia ambayo mambo yangeweza kwenda na hayakwenda. Enzi ya sinema bubu, kila ukumbi huko ulikuwa na msimuliaji aliyeitwa benshi, na mabenshi wakubwa walivuta watu kuliko nyota wa filamu wenyewe. Filamu za sauti zilipokuja, kazi yao ilikatika. Walijaribu migomo, haikusaidia. Heigo, kaka yake mwongozaji Akira Kurosawa, alikuwa mmoja wao, na alijiua 1933. Ilidhaniwa ni dhahiri kwamba sauti ya filamu na sauti ya msimuliaji haziwezi kukaa ukumbi mmoja. Temeke ilithibitisha kwamba zinaweza. DJ alizaliwa ndani ya filamu ya sauti, akaipanga sauti ya pili na ya tatu kama mpiga ngoma anavyopangana na mwimbaji.

Pingamizi la pili linatoka kwa watu wa sanaa: huyu hakupiga picha hata moja, anaitwaje mtengeneza filamu? Wenye kuuliza hivyo husahau vitabu vyao wenyewe. Joseph Cornell wa New York alinunua filamu ya kibiashara iliyokuwa ikiuzwa kama taka, akaikatakata mpaka ikabaki karibu yote ni mwigizaji mmoja wa kike, akaionyesha 1936 kwa jina la mwigizaji huyo, *Rose Hobart*, huku akipiga santuri za muziki wa Brazili. Bruce Conner mwaka 1958 alitengeneza filamu nzima kwa vipande vya wengine. Hao wamo katika kila historia ya filamu ya majaribio. Cornell alibadilisha picha akaweka sauti mpya. DJ anaacha picha na kubadilisha maana yake kwa sauti, njia ngumu zaidi, maana hana mkasi. Hata huko juu mlango umeanza kufunguliwa, ingawa kwa jirani. Nabwana Isaac wa Wakaliga, kitongoji cha Kampala, alitengeneza *Who Killed Captain Alex?* 2010 kwa senti chache, na sauti ya VJ Emmie, maana Waganda humwita VJ tunayemwita DJ, ikaingia ndani ya filamu kiasi kwamba huwezi kuitoa. Mwaka 2022 kundi hilo lilikuwa Kassel, Ujerumani, kwenye maonyesho ya documenta. Kilichokuwa kelele ya bandani kikawa mbinu.

Pingamizi la tatu ni zito, wala sitalikwepa. Ni wizi. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999, ile iliyoizaa COSOTA, chombo cha hakimiliki cha nchi, inampa mwenye kazi haki ya kuruhusu au kukataa tafsiri yake, na hakuna DJ aliyekuwa na ruhusa ya studio ya Hollywood mfukoni. Mbaya zaidi, aliyeumia hakuwa Hollywood, ambayo hata haikujua kwamba Tandika ipo. Aliumia mtengenezaji wa Sinza aliyelipa waigizaji, akalipa stempu za kodi zilizoanza 2013, kisha akakuta kazi yake imepangwa kando ya filamu ya nje iliyotafsiriwa, yenye gari zinazolipuka, kwa bei ya chini kuliko yake. Waigizaji wa Bongo Movie walipoandamana Kariakoo Aprili 2017 kupinga filamu za nje zisizolipiwa kodi, walikuwa na hoja. Aliyekula bila kulipa amekula bila kulipa, hata akila kwa ustadi. Ninachokikataa ni hatua inayofuata, ile ya kusema kwamba kwa kuwa ni wizi basi si sanaa. Cornell naye hakuomba ruhusa. Uhalali wa kitu na ubora wake huamuliwa na mahakama mbili tofauti, na tumekuwa tukipeleka kesi zote mbili kwa hakimu mmoja.

Kuna lawama nyingine ambayo haisemwi sana. Banda ni la wanaume, na karibu madij wote ni wanaume. Sauti ya tatu imezoea kumkebehi mwanamke anayelia, kumtathmini anayepita, na kumalizia tukio la ukatili kwa mzaha. Uhuru wa kuongeza maneno ni uhuru wa kuongeza upuuzi pia, na filamu kadhaa nzuri zimetoka kwenye pilau hilo zikiwa zimeungua. Ukisema ni wasanii huna budi kuwahoji kama wasanii. Ukiwaita watafsiri unawasamehe.

Na ugumu wa kuwahoji ni kwamba kazi zenyewe zinapotea. Maduka yaliyokodisha mikanda yaliitwa maktaba, jina zuri kuliko mambo yalivyokuwa, kwa sababu mkanda uliopoteza wateja ulirekodiwa juu yake mwingine. Memori kadi hufutwa kila wiki ili iingizwe sizoni mpya. Lufufu tunaye katika nakala za nakala, picha ikiwa imekwisha rangi, sauti yake tu ndiyo bado imesimama, jambo linalofaa kwa namna fulani.

Kundi la Ajabu Ajabu la Dar es Salaam limeliangalia suala hili kutoka upande ambao haukutarajiwa. Katika filamu yao fupi, *Tenzi za Sinema*, wanawafuata watu wa sinema wa jiji, msimuliaji akiwa miongoni mwao, wakati filamu ya Kitanzania *Maangamizi* inaporudishwa kwa watazamaji kupitia mkondo uleule wa nakala, tafsiri na mabanda. *Maangamizi* ya Martin Mhando na Ron Mulvihill ya mwaka 2001 ilikuwa filamu ya kwanza Tanzania kuipeleka kuwania Oscar, na watu wengi wa nchi hii hawakuwahi kuiona. Ina mazungumzo ya Kiingereza, lakini ina ya Kiswahili pia. Wanaodhani kazi ya DJ ni kuziba pengo la lugha watafakari hapo: mhusika anasema kwa Kiswahili, banda zima limemwelewa, na ile sauti ya tatu inashusha kitelezi ili nayo iseme.